Mahali pa Kuchuchumaa: Siku Tisa Kisiwani Java

Siku ya kwanza, Jumamosi. Jakarta

Kabla sijatoka Dar, ami yangu wa Wete alinipigia simu akanituma jambo moja tu. "Ukifika kwa hao wanunuzi wetu wa zamani, niulizie karafuu kilo bei gani." Ami amepanda mikarafuu tangu hajamaliza chuo cha Kurani, na anaikumbuka miaka ambayo Indonesia ndiyo iliyokuwa mnunuzi mkubwa wa karafuu ya Pemba na Unguja, kabla hawajapanda yao ya kuwatosha na kutuachia magunia mikononi. Nikamwambia, hilo dogo, ami.

Nimetoka nje ya uwanja wa Soekarno-Hatta saa kumi jioni. Joto la Oktoba 2025 linanata. Kilichonipokea ni harufu ya majamvi ya karafuu uani kwa bibi wakati wa kuanua, makonyo yameshatengwa pembeni. Nikageuka huku na huku. Madereva watatu walikuwa wamechuchumaa ukutani wakivuta kretek, sigara yao ya tumbaku iliyochanganywa na karafuu. Jina limetokana na mlio wake ikiungua: kretek, kretek. Karafuu asili yake ni visiwa vya Maluku, mashariki ya nchi hii. Ikaja kwetu karne ya 19, kisha ikawa inarudi huku kwa meli ili ichomwe. Nilisimama pale nikinusa mpaka dereva mmoja akaona haya, akanisogezea pakiti. Sivuti, lakini nilimshukuru kwa mikono miwili.

Nijieleze kidogo. Nina kiduka cha nguo Kinondoni, mitumba ya kuchagua na fulana chache za kuchapisha, na wateja wangu karibu wote hawajafika miaka 25. Mwenyeji wangu hapa ni kijana wa Jakarta tuliyejuana Guangzhou tukipanga foleni moja ya mizigo. Yeye ndiye aliyenivuta: njoo uone watoto wa huku wanavyovaa. Nimekuja kuangalia nguo. Java peke yake ina watu zaidi ya milioni 150, kwa hiyo nitakachoandika ni cha vijiwe vichache nilivyokaa, basi.

Binti wa mapokezi kwenye nyumba ya wageni: "Selamat sore, Kak." Kak ni kifupi cha kakak, ndugu aliyekutangulia kuzaliwa, awe wa kike au wa kiume. Mimi nikasikia kaka, nikaitika kama kaka. Na apa kabar haihitaji mkalimani, habari ni ile ile. Kitandani nimeandika mengine niliyoyaona kwenye vibao: meja, bendera, sabun, kertas, waktu, dunia, kamus. Mawili ya kwanza ni ya Mreno, yaliyobaki ni ya Mwarabu, na kwao na kwetu yamefika mikononi mwa mabaharia wale wale.

Siku ya pili, Jumapili

Kila Jumapili kuanzia saa kumi na mbili mpaka saa nne asubuhi, barabara za Sudirman na Thamrin hufungwa magari yasipite. Jiji linakuja kukimbia, au kuonekana linakimbia. Mwenyeji wangu amenifundisha neno kalcer. Ni neno la Kiingereza la utamaduni, wamelisikia, wakaliandika kwa sikio la kwao, na sasa lina maana yake lenyewe: mtu anayejua kipi kinatamba wiki hii na amekivaa. Mkimbiaji kalcer utamjua kwa miwani inayokumbatia uso, soksi ndefu, kiatu kinachozidi kodi ya chumba, na mpigapicha. Wapigapicha wamejipanga kandokando kama wavuvi wanaongoja samaki, kila anayepita wanampiga. Baadaye unajitafuta mtandaoni kwa uso wako na kununua picha yako.

Mwaka 2024 lilizuka jambo ambalo nilidhani mwenyeji ananitania. Joki wa Strava, ile programu ya simu inayohesabu kilomita ulizokimbia na kuwaonyesha marafiki. Joki huku ni mtu wa kukufanyia jambo lako kwa malipo, mtihani, kazi ya chuo, hata mchezo wa simu. Sasa kuna wa kukukimbilia. Unamlipa kwa kilomita, anakimbia akiwa na akaunti yako, wewe umelala, jioni marafiki wanakupongeza kwa kilomita kumi. Nilicheka mpaka nikakaa chini. Halafu nikakumbuka fulana za mbio za marathoni nilizouza mwaka jana kwa watu ambao hawajawahi kukimbilia hata daladala.

Kahawa tulikunywa kwa muuzaji wa baiskeli. Wanawaita starling, kifupi cha Starbucks keliling, yaani Starbucks ya kuzunguka. Chupa za maji ya moto nyuma, vipakiti vya kahawa vimening'inia kama shanga, wengi wao wametoka kisiwa cha Madura. Rupia 5,000. Ng'ambo ya barabara, vijana walikuwa kwenye foleni ya kahawa ya barafu yenye maziwa na sukari ya mti wa aren, wa jamii ya mnazi, ile ambayo katika miaka kumi hii imewafanya vijana wanywe kahawa kama sisi tunavyokunywa maji ya madafu. Kopi Kenangan, kwa mfano, walianza mwaka 2017, na kufikia mwisho wa 2021 kampuni ilikwishathaminiwa kwa zaidi ya dola bilioni moja. Pale foleni ilipo, bilauri moja ni rupia 25,000. Rupia 1,000 ni kama shilingi 150 za kwetu, piga hesabu mwenyewe.

Jioni nikaomba nipelekwe Dukuh Atas. Ndipo palipotokea lile sakata la Julai 2022. Watoto wa vitongoji vya mbali, Citayam, Bojonggede, Depok, walikuwa wakipanda treni ya bei ya chini na kuja kukaa kwenye njia za waenda kwa miguu katikati ya majengo ya mabenki. Wakavaa walichonacho. Wakaanza kupita kwenye kivuko cha pundamilia kama wanamitindo wa Paris, simu zikirekodi. Eneo la kifahari la jirani linaitwa SCBD kwa herufi za Kiingereza. Watoto wakazichukua herufi zile zile wakasema ni Sudirman, Citayam, Bojonggede, Depok. Kwa wiki chache nchi nzima ilihamia pale. Wanasiasa walipita kwenye kivuko, watu maarufu walipita, na mmoja wao akataka kusajili jina la sherehe ile liwe mali ya kampuni yake, akazomewa mtandaoni hadi akalirudisha. Kufikia mwisho wa mwezi watoto walikwishatawanywa, magari yakarudi.

Leo kivuko ni kivuko tu. Nilikaa kwenye ngazi nikiandika haya, mlinzi akapita mara mbili kunitazama. Mara ya tatu nilisimama.

Siku ya tatu, Jumatatu

Nikafanya safari yao kinyume. Kutoka stesheni ya Sudirman unabadili Manggarai, kisha njia ya Bogor. Nauli rupia 3,000 kwa kilomita 25 za kwanza, baada ya hapo 1,000 kwa kila kilomita kumi. Ndiyo siri yote ya 2022: mtoto wa shule aliweza kufika katikati ya mji mkuu kwa hela ya maandazi.

Citayam ni mji wa watu wanaolala huko na kufanya kazi kwingine. Nje ya stesheni bahari ya pikipiki, kisha vichochoro. Tuliingia kwenye warkop, kibanda cha kahawa na Indomie, vijana watano benchi moja, kila mmoja ameinamia simu iliyolazwa. Mobile Legends, mchezo wa vita wa kwenye simu. Kucheza hivyo pamoja wanaita mabar. Kimya, kisha kelele za ghafla, kisha mtu anamlaumu mwenzake. Mtu wa mbali angesema kila mmoja yuko peke yake na simu yake, na angekosea.

Mmoja ana miaka 18, anafunga vifurushi kwenye ghala la maduka ya mtandaoni. Mwaka 2022 alikuwa anakwenda Dukuh Atas karibu kila wikiendi. Nilimuuliza walikuwa wanatafuta nini kule, umaarufu? Akafikiri, mwenyeji akanitafsiria: "Tulikuwa tunakaa tu, Pak. Ndani kila mahali lazima ununue."

Nimeona ameniita Pak. Juzi kaka, leo baba.

Neno lao ni nongkrong. Kamusi yao inaanza na kuchuchumaa, kisha kukaa bila kazi. Sisi tuna kijiwe, na kwetu visiwani tuna baraza, lile benchi la mawe nje ya nyumba ambalo halina bei. Nongkrong ni tendo, haina mahali pake. Mahali lazima upatafute kila siku. Na nikiangalia nilichokwishaandika tangu Jumamosi, kahawa, mbio, kivuko, naona nilikuwa naandika habari ya watu wanaotafuta pa kuchuchumaa.

Tulipozoeana wakafungua na yale mengine. Pinjol, mikopo ya kwenye simu, wanayoisema kwa uso ule ule tunaousemea kausha damu. Judol, kamari ya mtandaoni. Mmoja ana kaka yake aliyeuza pikipiki. Nikawaeleza kuhusu mikeka ya kwetu. Hakukuwa na haja ya kueleza sana.

Dereva wa ojol aliyetusikia akajisogeza. Ojol ni bodaboda za programu. Gojek ilianza mwaka 2010 na madereva 20 wa kupigiwa simu, programu ikaja 2015, na koti la kijani likawa sare ya kizazi kizima cha wasio na ajira nyingine. Huyu ana shahada. Kwenye simu yake picha ya wasifu imepakwa waridi na kijani. Kijani ni cha koti, akaniambia, na waridi ni ya ushungi wa mama mmoja aliyewakabili polisi kwenye maandamano ya Agosti 2025. Watu walikasirika kusikia wabunge wanapewa rupia milioni 50 kwa mwezi za nyumba, na tarehe 28 gari la deraya la polisi likamgonga na kumuua dereva wa ojol mwenye miaka 21. Kabla ya hapo, kwenye sikukuu ya uhuru, vijana walikuwa wamepandisha bendera ya maharamia wa katuni ya Kijapani, fuvu lenye kofia ya mkeka. Nikamwambia vijana wa Kenya walioandamana Juni 2024 wangekaa nao benchi hili bila mkalimani. Akasema aliwaona TikTok.

Siku ya nne, Jumanne

Leo ndiyo siku yangu. Pasar Senen, ghorofa za mitumba. Nilipofika nikanusa ile harufu ya belo lililofunguliwa, dawa, karatasi na kabati la mtu wa mbali, nikajiona nyumbani. Hata neno tunagawana: wao husema bal. Bal ambayo haijafunguliwa inauzwa kwa bahati kama yetu, ukibahatika unapata jaketi za Kijapani, ukikosa unapata sare za hospitali. Nguo nyingi hapa zimetoka Japani na Korea, kwa hiyo ni nyembamba mabegani na mishono yake ni safi mno. Nimegeuza pindo za mashati kama nusu saa, muuzaji akaacha kuniuliza ninataka saizi gani. Alikwishajua mimi ni nani.

Zamani kuvaa mitumba hapa lilikuwa jambo la kuficha. Sasa vijana wanakuja kwa fahari, wanaiita thrifting, wanapiga picha za kabati zao, na binti mwenye jaketi la mvulana wa Osaka la miaka ya tisini anaulizwa kalipata wapi kama vile kapata urithi. Lakini kuingiza nguo kuukuu nchini ni marufuku tangu 2015 kwa kanuni ya wizara ya biashara, na mwaka 2023 serikali ilikaza kamba, mabelo yakachomwa moto mbele ya kamera. Sababu ni ile tuliyoisikia sisi, viwanda vya nguo vya ndani vinakufa. Jumuiya yetu ya Afrika Mashariki ilijaribu 2016. Rwanda ndiyo iliyoshikilia msimamo, na 2018 Marekani ikawaondolea nafuu ya kuuza nguo zao kule. Muuzaji wa Senen alisikiliza hadithi hiyo akitikisa kichwa. Kisha akaniuliza kwetu belo la jinzi linauzwaje, na hapo tukazungumza kikweli.

Jioni, Blok M. Hapa ndipo vijana wa Jakarta wa kusini wanapohamia mwaka huu: vitabu na santuri kuukuu ghorofa ya chini, vyakula vya Kijapani mitaa ya nyuma, na M Bloc, ambayo zamani ilikuwa nyumba na maghala ya wafanyakazi wa kiwanda cha kuchapa noti. Niliingia mgahawa mmoja, nikaagiza, nikatoa noti. Kijana wa kaunta akanionyesha kibao: hapa hatupokei fedha taslimu. Wana QRIS, alama moja ya kuskani inayopokea kutoka benki na pochi zote, tangu 2019, kama lipa namba ingekuwa moja kwa mitandao yote bila kuulizana. Mimi nina milioni mbili mfukoni na siwezi kununua chai, nyuma yangu foleni inaguna kwa adabu. Dada mmoja akaskani yake, nikampa noti yangu. Akaitazama kama kitu cha makumbusho. "Aduh, Om," akasema. Om ni mjomba. Nimepanda daraja au nimeshuka, sijui.

Nilichokipenda kuliko vyote ni bustani iliyo pale pale Blok M, Taman Literasi. Maktaba ndogo, ngazi za mviringo, maji katikati, na hakuna anayekuuliza umenunua nini. Walijaa: wanafunzi, wapenzi, mtu na gitaa. Bustani imepewa jina la Martha Christina Tiahahu, binti wa Maluku aliyepigana na Waholanzi bega kwa bega na baba yake, akafa mfungwa melini mwanzoni mwa 1818, hajatimiza miaka 18. Kwenye visiwa vya karafuu, hao.

Siku ya tano, Jumatano. Bandung

Treni ya Whoosh, kilomita 142, mwendo hadi 350 kwa saa, tangu Oktoba 2023. Sikuona kitu dirishani, kila kitu kilikuwa kimekwishapita. Nilishuka Padalarang, nikabadili ya kuingia mjini.

Bandung niliisoma darasani, mkutano wa Aprili 1955, nchi 29 za Asia na Afrika, nikitegemea ukimya na nguzo nyeupe. Nguzo zipo. Nje yake, kando ya barabara iitwayo Asia Afrika, vijana wamejivika mizimwi na wanapiga picha na wageni kwa malipo: kuntilanak, mwanamke wa nywele ndefu na gauni jeupe, na pocong, maiti ndani ya sanda iliyofungwa fundo kichwani. Pocong mmoja alikuwa anakula mishikaki. Kwetu Pemba mambo haya hayatanwi, nikalipa na kuondoka bila picha.

Mji huu ulianza mapema biashara kama yangu. Tangu miaka ya tisini vijana wa bendi na wa ubao wa magurudumu walichapisha fulana zao wenyewe wakafungua vijiduka walivyoviita distro. Muziki wao ulikuwa metal, wa vyuma, wa kunguruma. Na ni hapa pia ambapo mwaka 2015 ustadhi Hanan Attaki, mwenye kofia ya sufu na shati la kawaida, alianza kuwakusanya wale wale wa magurudumu na pikipiki kwenye darsa, vuguvugu wanaloliita Pemuda Hijrah. Mgeni angetaka kuchagua: vijana hawa wanakwenda kwenye dini au kwenye gitaa? Kutoka Garut, jirani tu, wako wasichana watatu wenye hijabu, Voice of Baceprot, walioanza shuleni 2014, na mwaka 2024 wakawa bendi ya kwanza ya Indonesia kupiga kwenye tamasha la Glastonbury, Uingereza. Baceprot kwa Kisunda ni makelele.

Siku ya sita, Alhamisi. Ndani ya treni

Bandung hadi Yogyakarta, saa saba hivi za mpunga na milima. Jirani yangu, mwanafunzi, amenifundisha maneno ya kwao. Wanakata maneno mawili, wanashona vipande: mager, uvivu wa kujongea, baper, mwenye kubeba hisia kila aendako, bucin, mtumwa wa mapenzi. Gabut ni kukaa huna la kufanya. Healing wamelichukua zima zima kutoka Kiingereza, lakini huku halina uhusiano na daktari, ni kwenda matembezini ufukweni. Nikampa mfano wa Sheng. Akauliza kama wazee wa kwetu wanailalamikia. Nikacheka tu.

Siku ya saba, Ijumaa. Yogyakarta

Swala ya Ijumaa msikiti wa Jogokariyan, unaojulikana kote kwa kutaka akaunti yake isomeke sifuri, sadaka ikiingia itoke. Nilihesabu watoto wengi kuliko nilivyozoea, na hakuna mzee aliyewafukuza.

Usiku ndio nilioungojea. Angkringan ni mkokoteni wenye turubai, jiko la makaa, birika tatu, na nasi kucing, wali wa paka, vifurushi vidogo vya jani la mgomba, wali wa konzi moja na dagaa wa pilipili. Upande wa stesheni ya Tugu wana kopi joss: kahawa ikishamiminwa, kaa jekundu la moto linatumbukizwa ndani yake, inalia jossss. Watu wanakaa kwenye mikeka kando ya barabara. Nilifika saa mbili usiku, nikaondoka saa sita na ushei, na nilichotumia chote hakikufika rupia 30,000. Hakuna aliyenitazama mara ya pili.

Mkeka wa jirani walikuwa wanne, wamemaliza chuo, na walipojua natoka Tanzania wakanivuta. Binti mmoja, miaka 24, anaandika matangazo ya mtandaoni. Alinieleza kwa hesabu, kama mfanyabiashara. Kima cha chini cha mshahara Jakarta mwaka huu wa 2025 ni rupia 5,396,761 kwa mwezi. Jiji la Yogyakarta, 2,655,041. Watu wa Jakarta wanakuja hapa healing, wanasema maisha ya Jogja, yaani Yogyakarta, ni rahisi, wanarudi. "Rahisi kwa mshahara wao, Pak." Nusu ya mshahara wake anatuma kwa wazazi, na mdogo wake anasoma. Hali hiyo wana jina lake, kizazi cha sandwichi, aliyebanwa juu na chini. Nikamwambia kwetu haina jina, inaitwa kuwa mtoto wa kwanza.

Ndoa? Wote wanne wakacheka kicheko cha kupokezana. Ndoa zilizoandikishwa nchini mwaka 2018 zilipita milioni 2. Mwaka 2023 zilikuwa kama 1,577,000. Wazee wanasema vijana wameharibika kwa simu. Yule binti hakuikataa ndoa, aliniambia ana mchumba. Wanachokosa ni chumba. Wanaonana hapa, kwenye mkeka.

Nisiipambe. Jogja hii hii ina neno klitih, ambalo kwa Kijawa lilikuwa kutoka kuzurura bila shughuli, na sasa maana yake ni vijana wa pikipiki wanaokata watu kwa panga usiku bila kuchukua kitu. Waliponieleza nikawapa jina letu, Panya Road. Binti akaniambia mama yake humpigia simu kila ikifika saa tano.

Kisha akaja mpiga gitaa, na mkeka mzima ukaimba kwa Kijawa. Zilikuwa nyimbo za Didi Kempot, mzee wa mji wa Solo aliyeimba kuachwa na kusubiri stesheni kwa miaka thelathini, nyimbo za wazazi, za harusini. Mwaka 2019 vijana wakamgundua upya. Wakamwita baba wa mioyo iliyovunjika, wakajiita Sobat Ambyar, ambyar ikiwa ni kumwagika vipande vipande, wakaenda kulia mbele yake hadharani, wavulana kwa wasichana. Alifariki Mei 2020. Sikuelewa neno hata moja, lakini nimekulia kwenye taarabu, najua wimbo unapofika pale pa kutunza. Nilitunza.

Siku ya nane, Jumamosi

Pilipili ya jana. Sikutoka chumbani mpaka jioni. Nimekunywa maji ya dafu na kuandika bei za jaketi. Treni ya usiku kurudi Jakarta.

Siku ya tisa, Jumapili

Treni imenishusha alfajiri stesheni ya Pasar Senen, hatua chache kutoka kwenye yale mabelo. Ndege ni usiku, nikatembea hadi Kramat Raya namba 106. Ni nyumba ya chini, ya kawaida, sasa makumbusho. Tarehe 28 Oktoba 1928, mkutano wa pili wa vijana ulimalizikia hapa, wakaapa nchi moja, taifa moja, na lugha moja ya kuwaunganisha, Kiindonesia. Wajawa walikuwa wengi kuliko wote, na haikuchaguliwa lugha yao, ilichaguliwa Kimalayu, lugha ya bandari na soko. Wage Rudolf Supratman akasimama na fidla akaupiga kwa mara ya kwanza wimbo ambao sasa ndio wa taifa, bila maneno.

Mwaka ule ule wa 1928, Mombasa, maofisa wa kikoloni na wamisionari walikutana wakaamua Kiswahili sanifu kitokane na Kiunguja. Mimi Mpemba bado nina neno kuhusu hilo, lakini si la leo.

Kilichonishika ni maelezo ya nyumba yenyewe. Mwenye nyumba alikuwa Sie Kong Lian, naye alipangisha vyumba kwa wanafunzi. Walilala hapa, walicheza hapa, walibishana hapa hadi usiku. Bweni la vijana wenye hela kidogo. Nilizunguka vile vyumba vidogo nikijaribu kukisia nani alilala wapi, na nani alikuwa hamalizi kodi.

Nje mvua ilishuka ghafla. Madereva wa ojol walikuwa wamejibanza chini ya kibaraza, muuza kahawa wa baiskeli kati yao, wakajisogeza nikapata nafasi. Simu ikaita. Ami.

"Enhe, umefika? Karafuu kilo bei gani?"

Siku tisa nimeuliza bei ya kahawa, ya treni, ya belo, ya wali wa paka, ya kupiga picha na maiti. Nikamwambia mtandao unakatika, ami, nitakupigia. Kisha nikamgeukia dereva wa pembeni, aliyekuwa anawasha kretek, nikaanza kutafuta neno lao la karafuu.